Kioo Kinachoonyesha Jana

Safari hii nimepewa ukurasa wa sayansi, nami nimechagua kitu tulichokisikia sote kwenye hadithi za utotoni: kioo cha ajabu, ukikitazama unaona nyakati nyingine. Je, kioo cha namna hiyo kinaweza kuwepo? Kipo, tena kimo chumbani kwako. Ila kina sharti moja gumu, na sharti hilo ndilo somo la leo.

Tuanze na nuru. Ibn al-Haytham, aliyezaliwa Basra karibu mwaka 965, alieleza katika Kitab al-Manazir kwamba jicho halitoi miale ya kwenda kukamata vitu, bali nuru hutoka kwenye vitu ikaingia jichoni. Sasa, nuru ni msafiri, na kila msafiri hutumia muda. Huyu hukimbia karibu kilomita 300,000 kwa sekunde. Ukisimama mita moja mbele ya kioo, sura unayoiona ni yako ya zamani kidogo: gawa sekunde mara bilioni moja, uchukue vipande kama saba. Mvi hazitafichika kwa muda huo!

Lakini ongeza umbali uone. Mwaka 1969 wanaanga wa Apollo 11 waliacha mwezini vioo vidogo vya kurudisha nuru. Mwale wa leza ukitumwa kutoka duniani hurudi baada ya sekunde mbili na nusu hivi. Jua tunaliona lilivyokuwa dakika 8 zilizopita. Na darubini ya James Webb, iliyorushwa Desemba 2021, ina kioo cha upana wa mita 6.5 chenye vipande 18 vilivyopakwa dhahabu. Hicho hunasa nuru iliyoanza safari zaidi ya miaka bilioni 13 iliyopita.

Niliyasimulia haya kwa jirani yangu, Bi mmoja mzaliwa wa Wete, Pemba. Alinisikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Basi mwanangu, si wakiweke hicho kioo huko juu nimwone mama?"

Swali lake si la mzaha, tulifanyie hesabu. Mwaka-nuru ni umbali ambao nuru husafiri kwa mwaka mmoja. Kioo kikiwa umbali wa miaka-nuru 31, nuru itakwenda miaka 31 na kurudi miaka 31, jumla 62. Leo hii kingetuonyesha karibu na mwaka 1964. (Tuache kwamba darubini ya kumtambua mtu kwa umbali huo ingetakiwa kuwa pana kuliko dunia mara maelfu.) Kinachotukwamisha hasa ni kwamba nuru iliyoondoka Wete mwaka huo imeshatangulia, na hakuna chombo kinachoipita mbio. Ukirusha kioo leo, kitaifukuza milele. Sharti lenyewe ndilo hilo: kioo lazima kiwe kimeshawekwa kabla, kikiingoja nuru.

Sasa, Wete kulikuwa na kioo kilichowekwa kabla? Huenda kilikuwepo. Mwaka 1839 Paris ilitangaziwa ufundi wa Daguerre: bamba la shaba lililopakwa fedha na kung'arishwa mpaka likawa kioo kamili, kisha likashika sura ya aliyekaa mbele yake. Baadaye zikaja picha za karatasi, lakini weusi wa picha ile ya zamani bado ni chembe za fedha, madini yaleyale yanayopakwa nyuma ya vioo vingi vya nyumbani. Zanzibar ilikuwa na mafundi wake. Capital Art Studio ilifunguliwa Mji Mkongwe mwaka 1930.

Baada ya mapinduzi ya 1964, na hasa baada ya Sultani Qaboos kushika madaraka mwaka 1970 na kuwaita Waomani wa nje warudi, familia nyingi zilihamia huku. Vitu vingi vilibaki, lakini picha ni nyepesi, zikaja ndani ya masanduku. Ndiyo maana ukialikwa kahawa kwa wazee hapa Muscat, hukawii kuletewa bahasha.

Kasoro ya vioo hivi ni moja: havisemi majina. Bi anayo picha ya harusi ya nyumbani kwao, watu kumi na mmoja, mama yake katikati. Anawajua wanane. Tumeyaandika majina yao nyuma, kwa penseli laini na mkono mwepesi, maana kalamu ya wino huchimba karatasi na kuchafua sura. Watatu waliosimama kushoto, mmoja wao akiwa kijana mwenye koti, bado. Nakala ninayo. Mwenye bibi au babu wa Wete anitafute, nije na picha, yeye atayarishe kahawa.