Mafundi Wapo, Ujuzi Haujapimwa
Kijitabu cha elimu kwa waajiri wa Masumbwe na ukanda wa dhahabu

Ukitangaza nafasi ya kuendesha karasha hapa Masumbwe, vijana watajaa kabla ya saa nne, na kila mmoja atasema anaweza. Tatizo hujitokeza wiki ya pili: beringi zimeungua kwa kukosa grisi, mota imekufa, na viroba vya mawe ya wateja vimelundikana uani.

Kijitabu hiki ni cha wenye karasha, maduara, mitambo ya kuchenjua, gereji na karakana za kuchomelea, katika Wilaya ya Mbogwe na jirani zake Bukombe, Kahama na Geita. Pengo la ujuzi huzungumzwa kama tatizo la vijana. Sisi tunaanzia kwa anayelilipia, yaani mwajiri.

Hasara iliyoko kwenye marudio

Chukua mtambo wa sainaidi. Maji ya tangini yanatakiwa yawe na pH ya zaidi kidogo ya 10, na kinachoyashikilia hapo ni chokaa. Chokaa ikipungua, sainaidi hugeuka gesi ya sumu na kupaa. Anayeivuta ni mfanyakazi wako, na dhahabu nayo inabaki mchangani kwa sababu dawa uliyoinunua imekwenda hewani. Mhudumu aliyefundishwa hupima na kuandika kila zamu. Asiyefundishwa humwaga chokaa kwa koleo, akikadiria kwa macho. Mzigo ukitoka mdogo, tajiri atasema jiwe halikuwa na kitu, au atamshika mlinzi kwa wizi. Mara nyingi hakuna aliyeiba. Dhahabu iko palepale kwenye marudio, yaani mchanga uliokwisha kuchenjuliwa, na atakayeitoa ni mnunuzi mwenye mtu anayejua kupima.

Biashara ya marudio imesimama juu ya dhahabu iliyoachwa. Hata zebaki, inayotumika kabla ya sainaidi, kwa kawaida hunasa chini ya nusu ya dhahabu iliyomo kwenye jiwe.

Gharama nyingine hazionekani kwenye daftari. Mota ikigoma, unamwita fundi umeme kutoka Kahama au Mwanza, unamlipia nauli, gesti na chakula, na siku zote hizo mtambo umelala. Kwenye baruti hasara yaweza kuwa maiti, na sheria hairuhusu alipue asiye na cheti.

Hata hivyo tusiwadharau wasio na vyeti. Fundi matimba aliyejifunza duarani kwa wazee anaweza kuusoma mwamba kuliko mhitimu wa chuo. Ujuzi wake ni wa kweli, ila haujapimwa, kwa hiyo humlipi unavyostahili kumlipa na hujui ujuzi huo unakomea wapi.

Migodi mikubwa ilifanyaje

Mgodi wa Geita ulianza kuzalisha mwaka 2000 na Bulyanhulu 2001. Nayo ilihangaika kupata mafundi wa mitambo. Mwaka 2009 migodi, kupitia Chemba yao ya Madini, ilishirikiana na VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, kuanzisha mafunzo ya ufundi wa migodini katika chuo cha VETA Moshi, ambako kijana alisoma na pia kufanya kazi mgodini. Kanuni za mwaka 2018 za ushirikishwaji wa Watanzania zikazidi kubana: kampuni ya madini hupeleka Tume ya Madini mpango wa ajira na mafunzo, ukiwamo wa Watanzania kurithi nafasi zinazoshikwa na wageni.

Kwako wewe mwajiri mdogo, maana yake ni kwamba mchomeleaji wako hodari anatazamwa na wenye mishahara minono. Ndiyo maana wengi husema, "Nikimfundisha ataondoka." Wengine wataondoka kweli. Lakini asiyefundishwa naye huondoka, tena baada ya kuunguza mota. Kubalianeni kwa maandishi nani analipia mafunzo na fundi atabaki nawe muda gani baada yake. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 tayari inakudai umpe mfanyakazi maelezo ya kazi yake kwa maandishi, na wengi wetu hatujafanya hata hilo.

Pa kuanzia

VETA hurasimisha ujuzi uliopatikana nje ya mfumo rasmi wa mafunzo. Fundi huhojiwa, hupimwa kwa vitendo, hufundishwa pale alipopungukiwa, kisha hupewa cheti. Hapimwi kwa shule aliyosoma. Ukiwa na wafanyakazi 10 au zaidi, mafunzo haya unayachangia tayari kupitia tozo ya kuendeleza ujuzi, ambayo mwaka 2023 ilishushwa kutoka asilimia 4 ya mishahara hadi 3.5. Sehemu yake huenda VETA. Kulipa kila mwezi bila kumpeleka hata mtu mmoja ni kujinyima.

Kwa uchenjuaji, STAMICO, shirika la madini la taifa, ina vituo vya mfano Katente, wilayani Bukombe, na Lwamgasa, wilayani Geita, vilivyojengwa ili wachimbaji wadogo waone na kujifunza. Nenda na mhudumu wako wa tangi, si peke yako.

Kabla ya hapo, orodhesha watu wako wote na mbele ya kila jina andika kazi ambayo hakuna mwingine anayeiweza. Yule ambaye akiugua mtambo husimama, huyo ndiye wa kumpeleka VETA kwanza, na msaidizi wake aanze kujifunza mwezi huu huu.