Shokapu ya baiskeli imechoka: utengeneze au ubadili uma?

Leo tuache mbolea kidogo. Wengi wenu mnashusha tangawizi kutoka Mamba Miamba kwa zile baiskeli za gia za mtumba, zenye shokapu mbele. Hata yangu ni hiyo hiyo. Juzi niko mteremkoni na kiroba cha mbegu nyuma, kila nikishika breki nasikia nko, nko! Nilishuka nikaikokota.

Pima hivi: shika breki ya mbele, sukuma usukani mbele na nyuma, kidole kikigusa pale bomba la juu linapoingia kwenye la chini. Likicheza hapo, bushi zimelika, na mimi sijawahi kuzipata Same mjini. Ikicheza shingoni, chini ya usukani, ni beringi tu. Kaza kwanza, usikimbilie kununua.

Haichezi ila imekuwa ngumu? Fungua, safisha, paka mabomba grisi. Za zamani nyingine zina mpira ndani, nao hukakamaa. Ukiona ufa au kutu iliyochimba bomba, achana nayo.

Kwa mzigo mimi nashauri uma wa chuma usio na shokapu. Nenda na ule wa zamani kwa fundi, mlinganishe unene na urefu wa bomba la shingo, nyuzi zake, na sehemu ya kufungia breki. Miguu isiwe mifupi sana kuliko ya zamani, baiskeli itainama mbele na mzigo utakusukuma mteremkoni. Kwenye mawe mikono itauma, kwa hiyo punguza upepo kidogo tairi la mbele. La nyuma usiliguse.