Mtoto Aliye Tumboni: Apimwe ili Apokewe, au ili Akataliwe?



Miongoni mwa maswali yaliyoletwa na elimu mpya ya tiba, moja lamhusu kila mzazi, awe Karatu, Endulen au Ulaya: Je, yafaa kumpima mtoto angali tumboni ili kujua kama ana hali iitwayo sindromu ya Down? Na wazazi wakiisha kujua, wafanye nini? Tutalitazama jambo hili kwa hatua tatu: hali yenyewe, vipimo vyake, na hukumu ya dini.

1. Hali yenyewe

Kila chembe ya mwili wa binadamu kwa kawaida ina kromosomu 46, nazo ndizo zibebazo urithi wa wazazi. Mwaka 1866 daktari Mwingereza, John Langdon Down, aliandika juu ya watu wenye sura na tabia za hali hii, lakini sababu haikujulikana mpaka mwaka 1959, Jérôme Lejeune na wenzake wa Ufaransa walipotangaza kwamba watu hao wana kromosomu ya 21 tatu badala ya mbili.

Basi yapasa ifahamike kwamba hali hii si laana, si uchawi, wala si malipo ya uzinzi wa mama. Kwa sehemu kubwa hutokea kwa nasibu wakati mbegu ya uzazi inapoumbika. Umri wa mama huongeza uwezekano: kwa mwenye miaka 20 ni kama mtoto 1 katika 1,500, kwa mwenye miaka 40 ni kama 1 katika 100. Wasomaji wetu Wakristo wakumbuke kuwa Nabii Isa a.s. alipoulizwa juu ya mtu aliyezaliwa kipofu, kama ni dhambi yake au ya wazazi wake, alikanusha yote mawili (Yohana, mlango wa 9). Mwenye kumnyoshea kidole mama wa mtoto huyu hana hoja katika Injili wala katika Kurani.

Mtoto mwenye hali hii hujifunza polepole, lakini hujifunza. Karibu nusu yao huzaliwa na kasoro ya moyo, na wengine huwa na udhaifu wa masikio au wa tezi ya shingo. Palipo na matibabu mema wengi hufikia miaka 60.

2. Vipimo

Vipimo ni vya namna mbili, na kuvichanganya ni hatari. Namna ya kwanza hukisia tu. Kati ya wiki ya 11 na ya 14 ya mimba, daktari hupima kwa ultrasaundi unene wa maji yaliyo nyuma ya shingo ya mtoto, na damu ya mama huchunguzwa. Tangu mwaka 2011 katika nchi tajiri kimeenea pia kipimo cha vipande vya urithi vya mimba vielevyo katika damu ya mama. Hiki ni sahihi zaidi, lakini nacho si hukumu ya mwisho.

Tuseme mama wa Rhotia aambiwa: "Uwezekano wako ni 1 katika 150." Huenda akarudi nyumbani akilia kama aliyekwisha fiwa. Lakini maana ya maneno hayo ni kwamba katika kina mama 150 walio kama yeye, 149 watazaa watoto wasio na hali hiyo!

Namna ya pili huthibitisha. Sindano hutoa maji yamzungukayo mtoto, baada ya wiki ya 15, au kipande kidogo cha kondo kabla ya hapo. Kipimo hiki chaweza kuharibu mimba, ingawa ni kwa pungufu ya mmoja katika mia.

Katika Karatu ultrasaundi hupatikana. Lakini kliniki zetu za wajawazito hushughulika hasa na shinikizo la damu, upungufu wa damu, malaria, kaswende na Ukimwi. Uchunguzi wa kromosomu haumo katika huduma hiyo ya kawaida. Mama wa Nainokanoka asidhani kuwa amekosa wajibu kwa kutopimwa. Wajibu wake ni kuhudhuria kliniki na kujifungua mbele ya mkunga aliyefunzwa.

3. Hukumu ya dini

Kupima kwenyewe si dhambi. Mtume Mtukufu s.a.w. alitufundisha kuwa tendo hupimwa kwa nia yake. Apimaye ili ajiandae, achague hospitali ya kuzalia, na moyo wa mtoto uchunguzwe mapema, ametenda jema. Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete, Dar es Salaam, huwapasua watoto wenye kasoro za moyo. Kujua mapema kwaweza kuokoa maisha.

Lakini katika nchi nyingi tajiri kipimo kimekuwa mlango wa kuitoa mimba. Denmark ilipoanza mwaka 2004 kuwapa wajawazito wote nafasi ya kupimwa, watoto wa namna hii waliozaliwa walipungua sana. Lejeune mwenyewe, mpaka kufa kwake mwaka 1994, alipinga ugunduzi wake utumiwe hivyo.

Wengine husema: "Sisi ni maskini, ni huruma asizaliwe." Kurani Tukufu imelijibu neno hili mara mbili. Katika 6:152 yasemwa na wale ambao umaskini umekwisha wafika, na Mwenyezi Mungu anaahidi riziki ya wazazi kwanza, kisha ya watoto. Katika 17:32 yasemwa na wale waogopao umaskini ujao, na hapo watoto watajwa kwanza. Mwenye dhiki ya leo na mwenye hofu ya kesho, wote wawili wamezuiwa kuwaua watoto wao.

Je, wanazuoni wote wasema mamoja? La. Mwaka 1990 Baraza la Fiqhi la Makka liliruhusu mimba kutolewa kabla ya siku 120 ikiwa madaktari waaminifu wamethibitisha ulemavu mkubwa usiotibika. Lakini mtoto wa sindromu ya Down huishi, hucheka, husali pamoja na wazazi wake. Twawezaje kumhesabu pamoja na asiyeweza kuishi? Na Masihi Aliyeahidiwa a.s., katika makala yake iliyosomwa Lahore Desemba 1896, alieleza kwamba roho haidondoki kutoka nje, bali huumbika ndani ya mwili uleule ukuao tumboni. Basi mimba haikuwa kitu duni hata siku moja. Ruhusa yabaki pale uhai wa mama unapokuwa hatarini, kwani mti haukatwi kwa ajili ya tunda. Sheria ya Tanzania nayo yakataza kutoa mimba isipokuwa kwa kuokoa maisha ya mama.

Lakini, ndugu msomaji, hukumu hii yatudai sisi pia. Tukimwambia mama, "Usiitoe," kisha tukamwacha peke yake na mtoto, tumetwika mzigo tusioubeba. Mwanachuoni Aud Talle aliandika mwaka 1995 juu ya Wamasai wa Kenya kwamba kwao mtoto ni mtoto, mwenye ulemavu hulelewa pamoja na wenziwe. Je, watu wa msikiti wapitwe na watu wa boma? Mtume s.a.w. alimwachia Abdullah bin Ummi Maktum, kipofu, usimamizi wa Madina aliposafiri.

Kwa hiyo, akizaliwa mtoto wa namna hii jirani yako, nenda ukapongeze kama wapongezwavyo wengine. Saidia nauli ya hospitali. Hakikisha aandikishwa shule, maana sheria ya mwaka 2010 ya watu wenye ulemavu yampa haki hiyo. Wala usimfiche wako ndani.

Mwenyezi Mungu atujalie kuwapokea wote anaowaleta kwetu. Amin.