Makato ya Mkopo: Haki ya Anayekatwa

Chini ya Milima ya Uluguru, mkoani Morogoro, kipo Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, kilichoanzishwa 1984, na kando ya barabara ya Iringa kipo Chuo Kikuu Mzumbe. Vijana wengi wamesoma hapo kwa fedha za Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu, iliyoundwa kwa Sheria Na. 9 ya 2004. Mhitimu anayepangiwa kufundisha Mgeta au Matombo hulikuta deni lake kwenye hati ya mshahara, na hapo ndipo maswali huanza.

Swali la kwanza ni la kiwango. Mwaka 2016 Bunge lilirekebisha sheria, makato yakapanda kutoka asilimia 8 hadi 15 ya mshahara. Waliokopa wakati wa asilimia 8 walinung'unika, na walikuwa na sababu. Hata hivyo makato yanasimama juu ya sheria ya Bunge, na anayetaka yapungue lazima apambane na sheria yenyewe, si na mhasibu wa halmashauri.

Lililoumiza zaidi lilikuwa tozo ya kutunza thamani ya mkopo, asilimia 6 kwa mwaka. Chukua mwalimu mwenye deni la shilingi 8,000,000 na mshahara wa 500,000. Kwa kiwango cha zamani alikatwa 40,000 kwa mwezi, yaani 480,000 kwa mwaka. Tozo ya deni hilo nayo ilikuwa 480,000. Alilipa mwaka mzima, deni halikusogea hata shilingi!

Mei Mosi 2021, jijini Mwanza, Rais Samia Suluhu Hassan alitangaza kuifuta tozo hiyo, na kuanzia 1 Julai mwaka huo ikaacha kutozwa. Ulikuwa unafuu wa kweli, uliochelewa.

Kwa suala kama hilo, nchini Kenya wakopaji watatu walikwenda mahakamani. Mwaka 2022 Mahakama Kuu ya huko iliamua kwamba riba na faini za bodi ya mikopo, HELB, haziwezi kulizidi deni lenyewe. Hukumu hiyo haizifungi mahakama za Tanzania, ila wakili anaweza kuitumia kujenga hoja.

Mgogoro unaostahili kuangaliwa kwa jicho kali ni wa mwajiri anayekata asiwasilishe. Sheria inamtaka aiarifu Bodi ndani ya siku 28 baada ya kumwajiri mhitimu, na apeleke makato ndani ya siku 15 baada ya mwezi kuisha. Asipopeleka, hati ya mshahara inasema umelipa, daftari la Bodi linasema unadaiwa. Huo ni uonevu, na dawa yake huanza na karatasi: tunza kila hati ya mshahara, omba Bodi taarifa ya deni, linganisha mwezi kwa mwezi. Palipo na pengo, mwandikie mwajiri, nakala kwa Bodi, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Mwajiriwa wa sekta binafsi anaweza kufikisha mgogoro wa makato Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ndani ya siku 60 tangu ulipozuka. Kuishtaki Bodi ni safari nyingine: hutangulia notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali huunganishwa, na shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Kwa wakazi wa Morogoro, Mahakama Kuu ipo katika Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki, kilichozinduliwa 2021. Asiye na fedha za wakili awatafute wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Huduma yao ni bure.

Deni likiisha, omba Bodi uthibitisho wa maandishi na umpelekee afisa utumishi ili makato yasitishwe. Ukikatwa tena, andika barua ya kudai marejesho, uambatishe hati za mshahara za miezi iliyozidi.