MWIGIZAJI SI MHUSIKA

Ndugu wanachama, wengi wetu huchanganya mwigizaji na mhusika. Chukueni filamu ya Kenya, Nairobi Half Life (2012), iliyoongozwa na David "Tosh" Gitonga. Joseph Wairimu, mwigizaji chipukizi, aliigiza Mwas, kijana wa mashambani aliyekwenda Nairobi kutafuta uigizaji, akajikuta katika genge la wezi. Chipukizi kuigiza chipukizi! Mwaka huohuo akatuzwa mwigizaji bora katika tamasha la Durban.

Je, alijiigiza tu? La hasha! Ndoto ya uigizaji walikuwa nayo wote wawili. Wizi ulikuwa wa Mwas peke yake.

Basi hapa Rongo, mwenzetu akiigiza mlevi jukwaani, tusimwite mlevi bwenini. Kesho atakataa kuigiza.

Zoezi: Taja mhusika uliyewahi kumwigiza. Lipi lilikuwa lako, lipi lake?