Kufundisha Riba kwa Punje za Buni: Gharama ya Mkopo wa Nyumba

Miongoni mwa mada za Hisabati katika madarasa ya juu ya shule ya msingi, riba ni moja ya zile ambazo mwalimu mgeni huzizoea upesi. Kanuni yake ni fupi: fedha iliyokopwa huzidishwa kwa kiwango, kisha kwa muda, na jawabu hugawanywa kwa mia. Watoto huikariri kwa siku moja, na alama za vema hujaa madaftarini. Katika wepesi huo ndimo tunamoona hatari, nasi twataka kuieleza hapa kwa faida ya wanachuo wanaojiandaa kwa mazoezi ya kufundisha.

Tulipokuwa tukikagua mazoezi hayo katika shule moja ya mwambao wa Ziwa Nyasa, mwanachuo wetu aliandika ubaoni hesabu ifuatayo. Mtu amekopa shilingi 1,000,000 ili anunue mabati na saruji. Kiwango cha riba ni asilimia 20 kwa mwaka, naye atarejesha kwa mafungu sawa katika miaka 5. Atalipa riba kiasi gani? Darasa likajibu kwa sauti moja: shilingi 1,000,000. Hapo binti mmoja wa safu ya nyuma akanyosha mkono. "Mwalimu, kama kila mwaka analipa, mbona riba ya mwaka wa tano ni sawa na ya mwaka wa kwanza? Deni si limepungua?" Mwanachuo akamjibu kwamba ndivyo kanuni isemavyo. Kengele ikalia, na swali likabaki pale pale.

Binti yule alikuwa na haki ya kujibiwa, na jibu lake ndilo kiini cha mada nzima. Kanuni ya kitabu ni sahihi kwa mtu anayekaa na fedha yote mpaka siku ya mwisho, akairejesha kwa mkupuo. Anayelipa kidogo kidogo hakai nayo yote. Katika mwaka wa pili amebaki na shilingi 800,000 tu za mkopeshaji, mwaka wa tatu 600,000, na kuendelea. Riba ikitozwa juu ya salio lililobaki, atalipa 200,000, kisha 160,000, 120,000, 80,000, na mwisho 40,000. Jumla yake ni 600,000. Riba ikitozwa juu ya fedha ya mwanzo miaka yote, jumla ni 1,000,000. Wakopeshaji wote wawili wanaweza kutangaza "asilimia 20" bila ya kusema uongo, na hali mmoja anachukua 400,000 zaidi ya mwenziwe. Waama, mkopo huo wa pili, ukipimwa kwa njia ya salio linalopungua, kiwango chake hasa ni zaidi ya asilimia 28.

Kwa hiyo swali la kwanza la kumzoesha mtoto ni hili: asilimia 20 ya nini?

Jambo hili lina uzito wake katika wilaya za Mbinga na Nyasa. Huko nyumba nyingi hujengwa hatua kwa hatua. Matofali huchomwa msimu huu, mabati hungoja malipo ya kahawa ya msimu ujao, na kando ya ziwa hungoja usipa. Ujenzi wa namna hiyo huchukua miaka, lakini hauna riba. Mkopo wa nyumba wa benki, yaani ule ambao nyumba yenyewe huwekwa rehani, umekuwa zaidi jambo la miji mikubwa. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanza kazi mwaka 1973, ilifikia mwisho wake mwaka 1995. Mwaka 2008 ikatungwa sheria mahsusi ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya TMRC, ambayo huyapatia mabenki fedha za muda mrefu ili nayo yaweze kuwakopesha wenye kujenga. Mlango umefunguka, na mtumishi mwenye mshahara ni miongoni mwa wa kwanza kukaribishwa. Mtumishi huyo, wanachuo wapenzi, mara nyingi ni mwalimu. Tena ni mwalimu huyo huyo ambaye mzee wa kijiji humletea karatasi ya mkopo jioni, akamwambia, "Mwanangu, hebu nisomee hapa."

Tuingie sasa darasani. Njia tunayoipendekeza inahitaji punje za buni kama 300. Milimani Mbinga hazikosekani. Mwambaoni vijiwe vya ufukweni vyafaa vile vile. Mahindi na maharage yatumike pale tu ambapo hapana kingine, kwa kuwa chakula kilichopitia mikono arobaini hakirudi jikoni. Darasa ligawanywe katika makundi, na kila kundi liwe na watu watatu wenye kazi: Mkopeshaji, Mkopaji na Msimu. Huyu wa tatu ndiye humpa Mkopaji mapato yake ya mwaka. Tumeona somo hupoa asipokuwapo, kwa sababu watoto hudhani fedha ya kulipia deni hutoka hewani.

Mkopaji anapewa punje 100. Kiwango ni asilimia 20, nacho kielezwe kwa lugha ya mkono: kila punje tano za deni huzaa punje moja ya riba. Sehemu ya punje ikadiriwe kwenye punje nzima iliyo karibu. Kila mwaka Mkopaji hulipa punje 25. Mwalimu asitoe jedwali lililokamilika. Watoto walijaze wenyewe ubaoni, mstari kwa mstari, nalo litatokea hivi:

Mwaka – Deni mwanzoni – Riba – Rejesho – Deni mwishoni
1 – 100 – 20 – 25 – 95
2 – 95 – 19 – 25 – 89
3 – 89 – 18 – 25 – 82
4 – 82 – 16 – 25 – 73
5 – 73 – 15 – 25 – 63
6 – 63 – 13 – 25 – 51
7 – 51 – 10 – 25 – 36
8 – 36 – 7 – 25 – 18
9 – 18 – 4 – 22 – 0

Mwisho wa mwaka wa tano mwalimu asimamishe kazi na kuuliza: amelipa ngapi? Watazijumlisha: 125. Alikopa ngapi? 100. Anadaiwa ngapi? 63. Hapo huwa pana kelele, na kelele hiyo iachwe kwa dakika kadhaa. Wengine watasema Mkopeshaji ameiba. Warudishwe kwenye jedwali, waone kwamba katika mwaka wa kwanza punje 20 kati ya 25 zililipia riba, na tano tu ndizo zilizogusa deni. Hakuna wizi. Kuna mpangilio ambao hawakuwa wameuona.

Kisha mchezo urudiwe kwa rejesho la punje 40 kila mwaka. Deni litashuka kutoka 100 hadi 80, kisha 56, kisha 27, na kwisha mwaka wa nne kwa malipo ya punje 32. Jumla iliyolipwa ni 152. Ile ya kwanza ilikuwa 222. Kiwango ni kile kile, mkopo ni ule ule, lakini tofauti ni punje 70, nayo yote imetokana na muda. Mara ya tatu waambiwe walipe punje 20 kila mwaka. Waacheni wahangaike kidogo kabla ya kugundua kwamba deni halitakwisha hata kwa wajukuu.

Iwapo vipindi viwili vimeruhusiwa, twasihi lifanyike jaribio moja zaidi, kwa kuwa ndilo linalofanana sana na maisha ya huko. Katika mwaka wa tatu Msimu ampe Mkopaji punje 10 tu: bei ya kahawa imeanguka. Deni la 89 litaongezeka riba 18, litapungua 10, na kuishia 97, yaani juu ya lilivyokuwa mwishoni mwa mwaka wa kwanza. Mtoto wa mvuvi atalielewa jambo hili bila maelezo mengi. Anajua kwamba usipa huvuliwa kwa taa katika usiku wa giza, na mwezi ukiwa mpevu mapato huwa haba. Bali tarehe ya rejesho haiutazami mwezi.

Mwanachuo mwenyewe hana budi kuona mambo haya kwa kipimo cha mkopo wa kweli, hata kama hatawapa watoto hesabu yake. Tuchukue mkopo wa nyumba wa shilingi 30,000,000 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka juu ya salio, ukilipwa kwa marejesho sawa ya kila mwezi. Kwa miaka 10, rejesho la mwezi ni kama shilingi 502,500, na jumla yote ni kama 60,300,000. Kwa miaka 15, rejesho ni kama 440,600, na jumla 79,300,000. Kwa miaka 20, rejesho hushuka hadi 417,400 hivi, na jumla hupanda hadi 100,200,000. Afisa wa mikopo akisema kwamba miaka 20 "inakupunguzia mzigo", asemayo ni kweli: inapunguza 85,000 kwa mwezi. Hasemi kwamba punguzo hilo linanunuliwa kwa karibu shilingi 40,000,000.

Sababu yake ni ile ile ya punje. Riba ya mwezi wa kwanza peke yake ni shilingi 400,000. Katika rejesho la 417,400, ni 17,400 tu zinazolipa nyumba. Baada ya miaka mitano ya kulipa bila kukosa, mkopaji huyu ametoa kama shilingi 25,000,000, naye bado anadaiwa kama 28,400,000. Akihamishwa, au akitaka kuiuza nyumba mwaka huo, hicho ndicho kiasi atakachokikuta. Kabla ya hayo yote atakuwa amekwisha kulipia uthamini wa nyumba, bima na ada za benki, ambazo nazo hazimo katika ile asilimia 16.

Lakini somo hili lisigeuke kuwa mahubiri dhidi ya kukopa. Tumewahi kusoma maandalio ya somo yaliyomfanya kila mkopeshaji fisi, na hatukuyapenda. Mwenye kupanga nyumba naye hulipa kila mwezi, na baada ya miaka 20 hana hata dirisha. Tena shilingi ya mwaka wa ishirini haina uzito wa shilingi ya leo, na jambo hilo humsaidia mdaiwa kwa kiasi fulani. Ajabu ya riba juu ya salio ni kwamba hufanya kazi pande zote mbili. Warudishieni watoto punje zao 100, waanze tena na rejesho la 25, ila katika mwaka wa kwanza pekee Mkopaji aongeze punje 6 na kulipa 31. Deni litaangukia 89 mara moja, mahali ambapo lilistahili kufika mwaka wa pili. Mwaka mmoja mzima umefutwa. Ataumaliza mkopo kwa miaka minane na jumla ya punje 203, badala ya 222. Punje 6 za mwanzoni zimeokoa 25 za baadaye. Kwa mkopaji wetu wa miaka 20, kuongeza kama shilingi 17,600 juu ya rejesho la kwanza huondoa rejesho zima la 417,400, ilimradi mkataba unaruhusu nyongeza hiyo kupunguza deni lenyewe. Ndiyo maana twasisitiza kwamba swali la pili la kuuliza kabla ya kutia sahihi ni: nikilipa zaidi, ziada inakwenda wapi?

Tahadhari mbili za darasani. Msiwaulize watoto madeni ya nyumbani kwao, hata kwa nia ya kupata mfano hai. Aibu ya mzazi haifai kuwa zana ya kufundishia. Mifano ya kubuni inatosha. Pili, neno rehani lielezwe vizuri. Watoto wengi huliona kuwa jina la aina ya mkopo tu. Waelezwe kwamba nyumba iliyowekwa rehani yaweza kuuzwa deni lisipolipwa, na ya kuwa kwa sababu hiyo Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mke au mume kabla ya nyumba ya familia kuwekwa rehani. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo ilikwisha kuweka ulinzi wa namna hiyo. Katika darasa moja maelezo haya yalizusha mjadala mrefu kuliko hesabu zote, hasa upande wa wasichana, nasi tukamruhusu mwanachuo kuacha mistari miwili ya mwisho ya andalio lake.

Kwa wanachuo wenyewe tunatoa mazoezi yafuatayo, yafanywe kwa mkono, bila mashine ya kuhesabia.

1. Tayarisha jedwali la punje 100 kwa asilimia 10 na rejesho la punje 20 kila mwaka. Linganisha miaka na jumla yake na jedwali la kwanza hapo juu. Je, kiwango kilipopungua kwa nusu, riba yote nayo ilipungua kwa nusu?

2. Mkulima wa kahawa na mwalimu wamekopa kiasi kimoja kwa kiwango kimoja. Mwalimu hulipa kila mwezi, mkulima mara moja baada ya mauzo. Eleza kwa nini riba zao hazitalingana, kisha andaa kipindi cha dakika 40 cha kulionyesha jambo hilo kwa vijiwe.

3. Andika jibu ambalo ungempa yule binti wa safu ya nyuma, kwa sentensi zisizozidi nne, bila kutumia neno "kanuni".