FUNDISHO: UNABII SI MCHEZO WA FEZA
Somo: Matendo ya Mitume 16:16-24

Siku hizi ndugu wengine wanawafikia waonaji wa kanisa na kuuliza: "Timu gani itashinda kesho? Tuandike nini kwenye tiketi?" Tujifunze pamoja jambo hili.

1. Kijakazi wa Filipi. Msichana huyu alikuwa na pepo wa uaguzi, na bwana zake walipata faida nyingi kwa maneno yake. Paulo alipomfukuza pepo yule, hawakufurahi kwamba msichana amepona. Walikasirika kwa sababu faida imekwisha. Paulo na Sila wakapigwa na kufungwa. Basi tuone: anayeuza habari za kesho anatafuta faida ya leo.

2. Bindo. Wazee wetu wanakumbuka Bindo Promotion ya Kinshasa, katika miaka 1990 na 1991. Iliahidi kurudisha feza mara nyingi kwa muda mfupi. Wa kwanza walilipwa kweli, lakini kwa feza ya waliokuja nyuma. Wengine waliuza mali yao ili waingie. Mwaka 1991 ilianguka, na wengi wakabaki mikono mitupu. Hesabu yenyewe ilionyesha mwisho. Mmoja akihitaji wawili nyuma yake, wawili wanahitaji wanne, wanne wanahitaji wanane. Kwenye hatua ya 20 wanatakiwa watu zaidi ya milioni 1. Hakukuhitajika nabii ili kuona hayo.

3. Pari za mpira. Tuseme watu wawili wanaweka franka 1.000 kila mmoja, huyu kwa timu moja, yule kwa nyingine. Mshindi anapewa 1.900; mia moja inabaki kwa mwenye mchezo. Yeye hana haja ya kujua kesho. Haja yake ni sisi turudi tena. Na feza tunayorudi nayo ni ya mchele, ya dawa, ya masomo ya watoto.

Roho anapofunua jambo, ni kwa kuonya, kuponya na kujenga kanisa. Basi mwonaji asiulizwe majina ya timu, wala asipokee sehemu ya ushindi. Na ndugu aliyekwisha kupoteza feza ya nyumba asijifiche. Aseme na watu wa nyumba yake na wazee wa kanisa, nasi tumsaidie bila kumcheka.

Maulizo ya kikundi:
a) Bwana zake yule msichana walikasirikia nini?
b) Juma hili, feza gani ya nyumba yetu iliingia kwenye tiketi?

Bwana atulinde. Amina.